Gould wa 1955 na Gould wa 1981
Mkuu umeuliza kwa nini Goldberg Variations za Bach (kipande cha mwanzo kinaitwa aria, halafu variesheni 30 zilizojengwa juu yake) alizorekodi studio mpiga piano Glenn Gould mara mbili zinasikika kama wapiga piano wawili tofauti, na kama ile ya 1955 alikuwa anakimbiza tu. Hakuwa anakimbiza bana. Ile ana miaka 22, dakika 38 hivi imeisha na harudii kipande hata kimoja, hata pale Bach alipoandika kirudiwe, ya 1981 inaenda kama dakika 51 maana baadhi ya vipande kavirudia, halafu humo sikiliza aria ya mwanzo anavyoivuta mpaka unadhani kasahau noti inayofuata, mara hiyo hapo, imekuja pale pale inapotakiwa. Kisichobadilika ni vidole, pedali haikanyagi sana, kila noti anaikata peke yake ndo maana hata sauti tatu (melodi tatu kwa pamoja) zikipishana unaijua kila moja iko wapi. Na ule mngurumo wa nyuma sio spika zako mbovu, ni yeye mwenyewe anajiimbia huku anapiga 😂 Mi naipenda zaidi ya 1981, ila ile variesheni ya 1 baada tu ya aria rudi 1955, moto.