Re: Kwa nini wadudu wa mtoni hawasombwi na maji?
Ndugu, umeuliza wanawezaje kukaa kwenye maji ya kasi vile. Jibu linaanzia kwenye jiwe: maji yanayogusa uso wake huenda polepole kuliko yaliyo juu yake, na mdudu mwenye mwili bapa hujibana hapo hapo.

Anayenistaajabisha zaidi ni buu wa usubi. Hutoa uzi kama hariri, akaubandika jiweni, kisha akaung'ang'ania kwa vijindoano vya mkiani. Akibanduka, uzi mwingine humzuia asipotelee mbali. Kichwani ana mashada mawili ya vinywele vya kuchuja chakula kinacholetwa na mkondo. Si wadudu peke yao: viluwiluwi wa baadhi ya vyura nao hushika jiwe kwa mdomo tu.

Tafadhali usiwaweke wadudu hawa kwenye ndoo. Wengi wamezoea maji yenye oksijeni nyingi, hivyo maji yaliyotuama huwaua upesi.