Asta Nielsen: alichokiacha jukwaani na alichokwenda nacho

Swali lenu la wiki hii liliuliza iwapo jukwaa la tamthilia ndiyo shule bora ya mwigizaji wa filamu. Jibu langu ni ndiyo, kwa sharti kwamba mwigizaji awe tayari kuyaacha mengi aliyofunzwa huko, na mfano wangu ni Asta Nielsen wa Denmark, enzi za filamu zisizo na sauti.

Kufikia mwaka 1910 Nielsen alikuwa mwigizaji wa jukwaani mjini Copenhagen ambaye nyota yake haikuwa imeng'ara, kwa kuwa sauti yake nzito na sura yake havikuwavutia waliogawa nafasi kubwa. Ndipo Urban Gad, aliyefahamiana naye katika kazi ya jukwaa, alipoandika kisa na kukiongoza mwenyewe kwa mtaji wa kroner 8,000 uliotolewa na mwenye jumba la sinema. Walitarajia filamu hiyo, Afgrunden, iwazindue wakuu wa tamthilia. Badala yake, ilipoonyeshwa Septemba mwaka huohuo, ilimfungulia mlango wa sinema, na mwaka uliofuata alikuwa Ujerumani.

Wapo wanaodhani kwamba pasipo sauti mwigizaji hulazimika kukuza kila ishara. Itazameni ile ngoma inayosifika ya Afgrunden, ambapo Magda, mhusika wa Nielsen, mwalimu wa piano aliyemwacha mchumba wake na kumfuata mwanamume wa sarakasi, anamfunga mwanamume huyo kwa kamba na kumzunguka taratibu. Kamera imewekwa ubavuni mwa jukwaa, hivyo watazamaji wa ukumbini hatuwaoni, na Nielsen hana wa kumpungia mkono. Tamaa na hasira vyote vimo katika kiuno, mabega na jicho la pembeni. Mwishoni, baada ya kumwua kwa kisu, anatolewa na polisi uso ukiwa umeganda, akitembea kama mtu asiyejua anakopelekwa. Kwangu mimi, hatua zile chache zina uchungu kuliko kilio chochote.

Linganisheni na Sarah Bernhardt, malkia wa jukwaa la Ufaransa, ambaye katika filamu yake ya mwaka 1912 kuhusu Malkia Elizabeth alirusha mikono na kuangukia rundo la mito, vilevile kama angefanya mbele ya ukumbi uliojaa. Alikuwa msanii mkubwa, lakini aliigizia safu ya nyuma ilhali kamera ilikuwa karibu naye.

Hata hivyo, nidhamu ya mwili aliyokuwa nayo Nielsen, na uwezo wa kumjenga mhusika tangu mwanzo hadi anguko lake, aliupata jukwaani. Ndiyo maana nasikitika kwamba Denmark haikumtumia ipasavyo: kati ya filamu zake zaidi ya 70, nne tu zilitengenezwa nchini kwao. Sauti ilipoingia katika sinema, aliigiza filamu moja tu ya aina hiyo, mwaka 1932.