Barua kwa mwanangu: kiwanda kikishanunuliwa

Mwanangu,

Unauliza kwa nini kampuni iliyonunua kiwanda chenu haikuridhika kubadilisha kibao cha getini, ikaja na "mfumo" wake pia: mbao ukutani, vikao vya kusimama kila asubuhi, fomu juu ya fomu. Tena unauliza kama ukubali cheo cha mratibu wa mfumo huo.

Kununua kiwanda kunataka fedha, na fedha hukopeka. Kazi huanza wanasheria wakishaondoka. Daimler ya Ujerumani iliungana na Chrysler ya Marekani mwaka 1998. Kufikia 2007 Chrysler ilishauzwa tena, maana pande mbili hazikuwahi kufanya kazi kama nyumba moja.

Sasa watazame Danaher, kampuni ya Marekani. Ndugu wawili walioianzisha, Steven na Mitchell Rales, walianza kununua kampuni miaka ya 1980. Mwishoni mwa miaka hiyo kiwanda chao kimoja, Jacobs, cha breki za injini za malori, kilianza kujifunza mbinu za Toyota za kupunguza upotevu kazini. Zilipoleta faida, wakazipeleka kwenye kampuni zao nyingine. Fluke ilinunuliwa 1998, Tektronix 2007, Beckman Coulter 2011, na kila moja ilikuta utaratibu wa kazi ukiisubiri. Zingatia kwamba utaratibu huo ulichipuka karakanani, miongoni mwa watu wenye grisi mikononi. Mifumo mingi niliyoiona mimi ilitungwa na watu wasiojua hata stoo iko upande gani.

Ubao unaoulalamikia una safu nne: saa, lengo, halisi, sababu. Tuseme saa tatu hadi saa nne lengo lilikuwa bidhaa 60, zimetoka 41, sababu "tumesubiri malighafi". Hapo ndipo utakapowajua mabosi wako wapya. Meneja akiuliza "ni nani huyo?", wiki ijayo kila mstari utasoma 60, na uongo utapanda ngazi hadi makao makuu ukiwa umepakwa rangi ya kijani, yaani ya "mambo sawa". Akishuka mwenyewe stoo kuona malighafi imekwama wapi, watu watauandika ukweli kesho pia. Ubao ni uleule, wino uleule. Kwa hiyo usiwahukumu kwa fomu zao. Subiri siku namba itakapoharibika.

Wala si lazima kila kitu kifanane. Illinois Tool Works ilinunua mamia ya kampuni ndogo ikaziacha zijiamulie mengi karibu na wateja wao. Kilichoziunganisha ni kanuni ya 80/20: sehemu ndogo ya wateja na bidhaa ndiyo huleta sehemu kubwa ya mapato, basi nguvu zielekezwe huko. Wakitaka kiwanda chenu kiache hata njia ya kuongea na wateja wa miaka mingi, hapo bisha, kwa adabu lakini bisha.

Cheo kipokee, ila kwanza uliza utawajibika kwa nani. ABB, kampuni ya mitambo ya umeme iliyozaliwa 1988 kwa kuunganisha Asea ya Uswidi na Brown Boveri ya Uswisi, iliwapa mameneja wengi mabosi wawili, mmoja wa nchi na mmoja wa biashara. Ulisifiwa sana mpango ule, kisha ukaachwa. Nawe ukiambiwa utaripoti kwa meneja wa kiwanda na kwa makao makuu pia, omba iandikwe kwenye mkataba ni nani mwenye neno la mwisho wakipishana. Usisaini kabla hawajaandika.

Baba yako