Waarmenia wa Musa Dagh baada ya kuokolewa

SWALI: Toleo lililopita mlieleza jinsi Waarmenia wa vijiji vya Musa Dagh, mlima ulio pwani ya Mediterania katika Uturuki ya leo, walivyokataa amri ya Waosmani, watawala wa wakati huo, ya kuwahamisha mwaka 1915, wakajihami mlimani hadi meli za kivita za Ufaransa zikawachukua. Walipelekwa wapi, na mbona habari zao za baadaye hazisimuliwi?

JIBU: Ndugu msomaji, walishushwa Port Said, nchini Misri, Septemba 1915, wakiwa zaidi ya 4,000, wakawekwa katika kambi ya mahema kwenye ukingo wa mashariki wa Mfereji wa Suez. Watu waliozoea bustani na ufugaji wa viwavi wa hariri walijikuta juu ya mchanga mtupu, mahema yakiwa yamepangwa safu kwa safu. Wapo waliochonga vitana vya mbao, ufundi waliotoka nao vijijini, na wanawake wakatarizi vitambaa vya kuuza. Watoto nao walifunguliwa shule palepale kambini. Baadhi ya vijana walijiunga na kikosi kilichoundwa na Ufaransa mwaka 1916, wakapigana Arara, Palestina, Septemba 1918. Wengi walirejea kwao mwaka 1919.

Linganisha muda: mlimani hawakutimiza miezi miwili, ilhali kambini walikaa karibu miaka minne. Hata hivyo, wasimuliaji wengi huishia pale meli inapotokea, kwa kuwa vita vina shujaa na mwisho, na maisha ya hemani (haya ni maoni yangu) hayana kimojawapo.

Pigo la pili limesahaulika zaidi. Mwaka 1939 Ufaransa, iliyokuwa ikiitawala Syria, iliiachia Uturuki eneo la Alexandretta lenye vijiji vyao, na wakazi wengi wakahama tena, safari hii hadi Anjar katika Bonde la Bekaa, Lebanoni, ambako malaria iliwaua wengi mwanzoni. Kila Septemba watu wa Anjar hupika ngano na nyama usiku kucha katika masufuria makubwa, lakini wanachokikumbuka ni mlima wa 1915. Uhamisho wa 1939 umebaki katika ramani ya mji: mitaa sita, kila mmoja ukiwa na jina la kijiji kilichoachwa. Mmojawapo umeitwa kwa jina la Vakıflı, kijiji ambacho baadhi ya watu wake walikataa kuondoka, na ambacho mpaka leo kinakaliwa na Waarmenia ndani ya Uturuki.