Muulize Mzee wa Kanda: Roland Tembo ni mtu wa wapi?

*Shikamoo Mzee wa Kanda. Mimi na shemeji yangu tunabishana tangu Idi. Kwenye The Lost World, ile filamu ya pili ya dinosauri, yumo mwindaji mwenye upara na mashavu yaliyobonyea, anaitwa Roland Tembo. Shemeji anashikilia kuwa ni Mzungu wa Kenya, tena wa hapa hapa Mombasa, ndiyo maana akapewa jina lile. Mimi nasema ni Mwingereza. Na kama ni hodari kiasi kile, mbona hakuwahi kuwa stelingi?*
— Msomaji wa Likoni

Marahaba mwanangu. Shemeji alipe soda, ila usimcheke sana. Mombasa imo, lakini ni ya mhusika, si ya mwigizaji. Walipiga kipande kinachomwonyesha Tembo kwenye baa ya Mombasa akimtia adabu mtalii aliyemsumbua mhudumu. Filamu ilipoingia kwenye kumbi mwaka 1997 kipande hicho kilikuwa kimeshakatwa, kikaja kuonekana kwenye DVD. Huenda shemeji alikiona huko.

Mwigizaji mwenyewe ni Pete Postlethwaite, mzaliwa wa Warrington, kaskazini-magharibi mwa Uingereza, mwaka 1946. Kenya alikuja kuigiza kweli, lakini baadaye, katika The Constant Gardener ya 2005. Yeye ndiye daktari aliyejificha Sudan akitafunwa na dhamiri kwa sababu ya dawa aliyohusika nayo, na hiyo Sudan ilipigwa Loiyangalani, kando ya Ziwa Turkana.

Sasa hilo la stelingi. Ujana wake aliwahi kufikiria upadri, kisha akafundisha maigizo katika shule ya wasichana ya Kikatoliki huko Manchester. Kutoka hapo akaenda chuo cha uigizaji cha Bristol Old Vic, na miaka ya 1970 akaangukia ukumbi wa Everyman, Liverpool. Ukumbi wenyewe haukuwa na fedha, lakini angalia waliokuwamo: Julie Walters, ambaye watoto wenu wanamjua kama mama yake Ron kwenye Harry Potter, Jonathan Pryce, na Bill Nighy, yule bwana mkubwa wa London asiyeaminika katika hiyo hiyo The Constant Gardener. Vijana hao walikuwa wakipakia vifaa kwenye gari na kwenda kuigiza kwenye baa. Ukishamnyamazisha mlevi mwenye bilauri mkononi, kamera haikutishi tena. Mimi naamini utulivu wake wote ulitoka huko.

Walimshauri abadilishe jina, wakimtania kwamba likiandikwa kwa taa nje ya ukumbi, bili ya umeme haitalipika. Hakubadilisha. Akaenda Royal Shakespeare Company, kundi kubwa la maigizo la Uingereza, akala chumvi ya jukwaa miaka mingi, na alikuwa amekaribia hamsini dunia ilipomtambua. Filamu iliyomtoa ni In the Name of the Father ya 1993. Ndani yake ni Giuseppe Conlon, baba wa Belfast aliyefungwa bila kosa kufuatia mabomu ya baa za Guildford, Uingereza, ya 1974, akafia mikononi mwa magereza. Filamu inamweka selo moja na mwanawe, jambo ambalo halikuwa hivyo, na mimi nawasamehe, kwa sababu bila selo ile tusingemwona Postlethwaite akimtazama Daniel Day-Lewis, anayeigiza mwanawe, bila kusema neno. Daniel anapiga kelele, anavunja vitu. Mzee amekaa na rozari yake, na macho yako hayatoki kwake. Aliteuliwa kuwania Oscar ya mwigizaji msaidizi, ikamwendea Tommy Lee Jones.

Steven Spielberg, aliyemwongoza kwenye filamu ya dinosauri na kwenye Amistad mwaka huo huo wa 1997, alimwita mwigizaji bora duniani. Postlethwaite akajibu kwamba bila shaka Spielberg alitaka kusema, "Pete anajiona mwigizaji bora duniani."

Stelingi alikuwa, tena zaidi ya mara moja. Tafuta Brassed Off ya 1996. Ni Danny, kiongozi wa bendi ya matarumbeta ya wachimba makaa ya mawe, mapafu yamejaa vumbi, mgodi unafungwa, na yeye anachojali ni mazoezi tu. Wazee wa beni wa Lamu na Mombasa watamtambua mara moja. Hotuba yake ya mwisho, Royal Albert Hall, nimeirudisha nyuma mpaka kanda ikaanza kukwaruza. Na mwaka 2008 alirudi Everyman, ukumbi ule ule wa ujana wake, kuwa King Lear, yule mfalme mzee wa Shakespeare. Katika tamthilia ya Kiingereza, ustelingi hauvuki hapo.

*Mzee, nianze na filamu yake ipi? Nina watoto nyumbani.*
— Mama Wawili, Tanga

Mama, watoto wape hiyo ya dinosauri, japo hadithi yenyewe ni nyepesi na Tembo ndiye anayeibeba. Wakishalala, weka Brassed Off. Usianze na Inception ya 2010, humo yeye ni tajiri anayekata roho kitandani na utajiuliza sifa zote hizi ni za nini. Mwaka huo huo kuna The Town, ambamo ni muuza maua anayeendesha majambazi. Anapunguza miiba ya waridi huku akimweleza mtu jinsi alivyomharibu mama wa mtu huyo, na sauti haipandi hata kidogo. Wakati ule saratani ilikuwa imeshamwandama. Alifariki tarehe 2 Januari 2011, akiwa na miaka 64, na uteuzi wa BAFTA, tuzo za filamu za Uingereza, kwa nafasi hiyo ukaja yeye hayupo. Distant Voices, Still Lives ya 1988 iache mpaka siku uko peke yako: humo ni baba anayepiga mke na watoto, na hakuweka tone la sukari.