Mtoto yuko ukweni na hawataki kumtoa: niliyopitia mimi

Kaka mmoja wa Morogoro ameniandikia wiki hii. Mkewe amefariki, mtoto yuko ukweni, na kila akiuliza amfuate lini anaambiwa asubiri. Ana mwaka sasa anasubiri. Kaka, nilisoma ujumbe wako usiku na usingizi ukakata, maana mimi nilisubiri miaka mitatu.

Mke wangu alifariki binti yetu akiwa na miaka minne. Tulimzika kwao Same, kwa sababu mahari sikuwa nimemaliza na wakwe hawakukubali nimsafirishe. Siku ya kuanua tanga mama mkwe akasema mtoto abaki kwanza, mwanamume peke yako kule Mbagala utamlea vipi? Nikakubali. Sikuwa na nguvu hata ya kubishana. Nikawa natuma matumizi kila mwezi na kupanda basi kwenda kumwona sikukuu.

Alipofikia umri wa darasa la kwanza nikaenda kumchukua. Baba mkwe akaniweka kikao na wajomba, binti yangu amekaa pale pale, akasema: "Mahari hukumaliza. Mtoto huyu ni wa kwetu." Neno lile linaniuma mpaka leo.

Nikakosea vibaya. Nilirudi alfajiri na rafiki wawili na gari la kukodi, nikambeba mtoto analia, bibi yake anatukimbilia nyuma miguu mitupu. Wanakijiji walituzuia njia panda, nikamrudisha. Tukio lile lilikuja kuandikwa kwenye taarifa ya afisa ustawi wa jamii, nikalijibia mbele ya hakimu. Usimbebe mtoto kwa nguvu, hata kama ni damu yako.

Nilitakiwa kuanzia ustawi wa jamii, halmashauri. Pale ndipo nilipoambiwa kwamba mahari haihusiki: kifungu cha 41 cha Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 kinasema ndoa haibatiliki kwa kuwa mila ya mahari haikutimizwa. Lakini pia Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inaruhusu ndugu kuomba kukaa na mtoto, kwa hiyo babu na bibi nao wana mlango. Hakimu anaangalia maslahi ya mtoto. Sheria inaona ni vyema akae na wazazi wake, isipokuwa kama wanavunja haki zake, ila inapima pia umri wake, maoni yake mwenyewe, na mwendelezo wa malezi aliyoyazoea. Hapo kwenye mwendelezo ndipo nilipoumia. Kila mwezi niliokaa kimya kwa heshima ya wakwe, ulihesabika upande wao.

Afisa alipomhoji binti yangu, alisema anampenda baba, lakini bibi ndiye anayejua kumsuka.

Nililia kama mtoto. Kisha nikaenda kwa dada yangu nikamwomba anifundishe kusuka twende kilioni.

Kesi ilichukua miezi minane. Kilichonibeba ni meseji za miamala, zote nilikuwa nimezihifadhi, na cheti cha kuzaliwa chenye jina langu. Nikapewa mtoto, babu na bibi wakapewa likizo za Juni na Desemba. Nilishinda, nasema kwa fahari.

Wanaume wenzangu, tunawaacha watoto ukweni tukidhani kutuma hela ndiyo malezi. Nenda. Lala pale. Mpeleke shule, mjue mwalimu wake. Na wewe kaka wa Morogoro, usingoje mwaka wa pili: Jumatatu nenda ustawi, beba cheti cha kuzaliwa, cheti cha ndoa, cheti cha kifo na meseji zako zote. Mama mkwe usimtukane hata akikutukana, maana mtoto anasikia.

Juni hii nilimpeleka Same mwenyewe. Bibi alimshika kichwa, akapitisha vidole kwenye mistari, akauliza nani kamsuka. "Baba." Akanyamaza kitambo, halafu akaniambia niingie ndani, chai iko tayari.