Mwanenu Ameambiwa Ana Umbo la Safu ya Mbele: Mambo ya Kujua Kabla ya Kusaini

Kila mwezi wa Agosti, sekondari za hapa Texas zinapofunguliwa, mimi hupokea simu kutoka kwa wazazi wenzetu wanaozungumza Kiswahili, na habari huwa ile ile: kocha wa futiboli ya Kimarekani amemwona kijana wao akipita, amempima kwa macho kuanzia mabegani hadi miguuni, na ameuliza kama angependa kujiunga na timu. Mimi niliulizwa swali hilo mwaka 2009 nikiwa na umri wa miaka 14, mwaka mmoja baada ya familia yetu kuhama kutoka Tanga kuja Houston. Nilicheza miaka minne ya sekondari, minne ya chuo kikuu, na wiki 11 katika kikosi cha mazoezi cha timu moja ya NFL, ligi kuu ya kulipwa ya mchezo huu. Ninayoyaandika hapa ndiyo ambayo wazazi wangu hawakuwa na mtu wa kuwaeleza.

Nianze na lililo kubwa. Umbo humfikisha kijana mlangoni tu. Ndani ya mlango huo kuna ufundi mgumu unaochukua miaka kuupata, kazi yenyewe ni ya muda mfupi, na mwenye uamuzi wa kuikatisha si mchezaji. Kwa hiyo familia inayokubali kijana wake aingie na ikubali pia kuandaa, tangu siku ya kwanza, kazi nyingine atakayoifanya baadaye.

Kwa wale wasioufahamu mchezo huu, timu inayoshambulia huwa na wachezaji 11 uwanjani, na watano kati yao husimama mbele kabisa, pale mpira ulipowekwa: senta katikati, gadi mmoja kila upande wake, na mmoja zaidi kila pembeni. Hawa watano kwa kawaida hawakimbii na mpira wala hawadaki pasi. Kazi yao ni kumkinga kwotabeki, yaani mrushaji wa mpira, na kumfungulia njia mkimbiaji. Kwotabeki anayetumia mkono wa kulia hugeuka kiasi anapotaka kurusha, na upande wake wa kushoto hubaki bila macho, ndiyo maana mlinzi wa pembeni kushoto hulipwa vizuri kuliko wengi. Gazetini hamtaona takwimu za mabao yao. Wakitajwa, mara nyingi ni kwa sababu wamekosea: wamemshika mpinzani, timu ikarudishwa yadi 10, au wameshtuka kabla ya mpira kutolewa, ikarudishwa yadi tano.

Somo langu la kwanza lilikuwa kwenye sakafu ya ukumbi wa mazoezi, bila mpira wala helmeti. Kocha alibandika mstari wa karatasi ya gundi, akanipa mipira miwili ya tenisi, mmoja kila mkono, akaniambia nirudi nyuma kwa mshazari, mguu mmoja ukiongoza na mwingine ukifuata bila kupishana, magoti yamekunjwa, kifua kimeinuka, kana kwamba nimekaa kwenye kigoda kisichoonekana. Mipira ile ilikuwa ya kunizuia nisikunje vidole. Mlinzi wa safu ya mbele humsukuma mpinzani kifuani kwa viganja, dole gumba likielekea juu na viwiko vikiwa karibu na mbavu, na akivuta jezi nje ya mabega, mwamuzi hutupa kitambaa kuashiria kosa. Niliporudi hatua tano za mwanzo nilianguka. Nilikuwa na kilo 104 wakati huo na nilidhani kazi hii ni ya kusukumana. Ilinichukua misimu miwili kuelewa kwamba ni kazi ya miguu, na kwamba aliye mzito mwenye miguu mivivu hupitwa kabla hajanyanyua mikono.

Juu ya miguu kuna akili, na hapa ndipo watu wengi wasioujua mchezo hushangaa. Kabla ya kila tukio, yaani kila mara senta anapotaka kuutoa mpira ili mchezo uanze, yeye husoma jinsi wapinzani walivyojipanga na kutangaza nani atamzuia nani, na wote watano lazima waafikiane katika sekunde chache, kwa sababu mmoja akielewa vingine, kwotabeki huangushwa. Tulipocheza ugenini, kelele za mashabiki zilikuwa kubwa kiasi kwamba sauti ya kwotabeki haikufika kwetu hata kidogo. Mimi nilikuwa gadi wa kulia. Nilikuwa nikigeuza kichwa nyuma kumtazama kwotabeki, na alipoinua mguu nilimgonga senta pajani, naye akatikisa kichwa mara moja, kisha akautoa mpira. Nikichelewa kumgonga, wote tulichelewa. Jioni nzima za juma zilikwenda katika kutazama video za wapinzani ili kujua mguu gani mtu huutanguliza anapotaka kupita ndani. Mzazi anayesikia kwamba mwanawe yuko mazoezini ajue kwamba sehemu kubwa ya mazoezi hayo ni kusoma.

Mfano ninaowapa vijana kila mara ni Jordan Mailata, Mwaustralia aliyecheza raga na ambaye hakuwahi kucheza mechi ya futiboli hii mpaka Philadelphia Eagles walipomchagua mwaka 2018 katika raundi ya saba ya drafti, yaani uteuzi wa kila mwaka ambapo timu za NFL huchagua wachezaji wapya. Ana umbo ambalo macho hayaliamini, na bado alikaa misimu miwili bila kucheza mechi hata moja ya ligi, akijifunza na kuuguza majeraha, hadi alipoingia uwanjani mwaka 2020. Mwaka uliofuata alisaini mkataba mkubwa, na Februari 2025 alikuwa mmoja wa waliotwaa Super Bowl, fainali ya NFL. Kwetu Afrika Mashariki, Daniel Adongo wa Kenya aliingia Indianapolis Colts mwaka 2013 akitokea raga pia, ingawa yeye alikuwa upande unaozuia mashambulizi, na safari yake katika ligi ilikwisha ndani ya miaka michache. Hao wawili waliingia wakiwa na vipaji ambavyo mimi sikuwa navyo. Tofauti ya muda waliodumu inatosha kumfanya mzazi aulize maswali mapema.

Swali la kwanza ni la shule, na ninawaomba mlipe uzito kuliko yote. Kijana anayetaka kucheza katika daraja la kwanza la vyuo lazima awe amefaulu masomo 16 ya msingi aliyosoma sekondari, akiwa na wastani usiopungua 2.3 katika kipimo cha 4.0, na aliyesoma sehemu ya sekondari nje ya Marekani hutakiwa kuwasilisha matokeo ya huko pia. Tunzeni ripoti za shule na vyeti tangu kidato cha kwanza, kwa sababu kuzitafuta kutoka mbali huchukua miezi. Aidha, tangu Julai 2021 wachezaji wa vyuo wanaruhusiwa kulipwa kwa matumizi ya jina na sura zao, lakini kijana aliye hapa kwa viza ya mwanafunzi anaweza kuvunja masharti ya viza hiyo kwa kupokea fedha za namna hiyo. Asisaini chochote kabla ya kuzungumza na ofisi ya wanafunzi wa kigeni chuoni na mwanasheria wa uhamiaji. Rafiki au kocha hawezi kulijibu swali hilo.

Mimi nilimaliza shahada ya uhandisi wa ujenzi Mei 2017, na miezi miwili baadaye nikaingia kambini kama mchezaji ambaye hakuchaguliwa katika drafti. Tulikuwa 90. Kambi zilipokuwa zinafunguliwa, ilitangazwa kwamba John Urschel wa Baltimore Ravens, gadi kama mimi, amestaafu akiwa na umri wa miaka 26. Alikuwa akisomea udaktari wa falsafa katika hisabati pale chuo kikuu cha MIT, na aliupata mwaka 2021. Chumbani kwetu habari ile ilizungumzwa kwa sauti ya chini, na nakumbuka nilifurahi kimoyomoyo kwamba nimekuja na cheti changu.

Mwaka huo kanuni ilibadilishwa, ikawa timu hupunguza wachezaji kutoka 90 hadi 53 kwa mkupuo mmoja. Hao ni watu 37 katika kila timu, na timu ni 32, maana yake zaidi ya watu 1,100 walipoteza kazi kwa wakati mmoja. Asubuhi ya Jumamosi tarehe 2 Septemba nilikuwa nakunywa chai wakati kijana mmoja wa ofisini alipokuja mezani, akaniwekea mkono begani na kusema kwamba kocha ananiita na niende na kishikwambi changu, kile chenye mipango ya mchezo. Mazungumzo hayakuzidi dakika tatu. Wazazi wangu walikuwa wamehamia kwa jamaa kwa sababu kimbunga Harvey kilikuwa kimeingiza maji nyumbani, nami sikujua nianze vipi kuwaeleza. Siku ya pili nikaitwa kwenye kikosi cha mazoezi, yaani wale wanaofanya mazoezi na timu bila kuwa katika wale 53, na wiki ya 11 nikaachwa tena, nafasi yangu akapewa mwingine. Majira yaliyofuata goti langu halikupita katika vipimo vya timu nyingine.

Sasa nizungumzie fedha, kwa sababu ndizo huvunja familia. Kima cha chini cha kikosi cha mazoezi mwaka 2017 kilikuwa dola 7,200 kwa wiki, na hulipwa kwa wiki uliyopo tu. Wiki 11 ni dola 79,200 kabla ya kodi. Zilitosha kukarabati nyumba ya wazazi na kulipa matibabu ya goti, zikaisha. Lakini Tanga ilikuwa imesikia neno NFL. Baba mdogo alinipigia simu, tukasalimiana, shikamoo, marahaba, kisha akaniambia kwa upendo kabisa kwamba wamepata kiwanja Pongwe na wanasubiri neno langu. Nilinyamaza, na kunyamaza kwangu kukachukuliwa kuwa ni uchoyo. Baada ya miezi minne ya kutosemezana nilimpigia, nikamsomea mkataba wote kifungu kwa kifungu kwa Kiswahili, pamoja na kile kinachosema timu inaweza kuuvunja. Alisikiliza mpaka mwisho akasema, "Kumbe ni kibarua, mwanangu. Mbona hukusema?" Alikuwa na haki ya kuuliza. Waelezeni ndugu mapema, kwa tarakimu, kabla ya mshahara wa kwanza. Na wakala akitaka zaidi ya asilimia 3 ya mkataba wa mchezaji, amevuka kiwango cha juu kinachoruhusiwa na chama cha wachezaji.

Kuhusu kichwa sina maneno ya kupunguza uzito. Mgonjwa wa kwanza wa NFL kuthibitishwa kuwa na CTE, ugonjwa wa ubongo unaohusishwa na kugongwa kichwa mara kwa mara, alikuwa senta, Mike Webster wa Pittsburgh Steelers, aliyefariki mwaka 2002 akiwa na umri wa miaka 50. Aliyeugundua katika ubongo wake ni Mwafrika mwenzetu, Dkt. Bennet Omalu kutoka Nigeria. Watu wa safu ya mbele hugongana katika karibu kila tukio, mazoezini na mechini. Mwaka wangu wa tatu chuoni niligongwa nikaona taa za uwanja zikicheza, nikaficha kwa hofu ya kupoteza namba, na kwa siku mbili sikuweza kusoma ukurasa mmoja. Nilikosea. Mwambieni kijana wenu, na mmwambie tena kila msimu, kwamba nyumbani hatakemewa kwa kukaa nje.

Linabaki suala la uzito, ambalo hakuna aliyeniandaa nalo. Mama alikuwa akinipikia sufuria ya wali wa nazi na maharage ya kutosha watu wanne, nami naimaliza, kwa sababu kocha alitaka kilo 139 na mwili wangu ulitaka kushuka kila ninapoacha kula. Kazi ilipokwisha, njaa haikwisha. Joe Thomas wa Cleveland Browns, aliyecheza matukio 10,363 mfululizo mpaka alipoumia mkono Oktoba 2017, alipunguza zaidi ya kilo 20 alipostaafu, na picha zake ndizo zilizonipa moyo. Nilitafuta mtaalamu wa lishe mwezi ule ule niliostaafu, nikaanza kutembea nusu saa jioni kwenye mitaro ya maji ya mvua ambayo sasa ndiyo kazi yangu ya uhandisi, na baada ya miezi 14 nilikuwa na kilo 109. Presha imeshuka. Vidole viwili vya mkono wa kulia havinyooki tena, na Jumamosi, ninapowafundisha vijana wa mtaani kwetu mahali pa kuweka kiganja, lazima niwaonyeshe kwa mkono wa kushoto.